Durban: Nenda Bayview Saa Tisa Alasiri

Mgeni kutoka kwetu akifika Durban miguu humpeleka pwani, na hajakosea. Bahari ni ile ile ya Hindi tuliyozaliwa nayo, na maji yake hayang'ati hata Julai, katikati ya kipupwe cha kusini, kwa sababu mkondo wa Agulhas huyashusha yakiwa na joto kutoka upande wa Msumbiji. Kuna wavuta rikisho wenye vilemba vya pembe na shanga. Kuna vijana wanaopanda mawimbi kwa mbao zao tangu alfajiri. Papa wamewekewa nyavu tangu 1952, kwa hiyo kuoga hakuna wasiwasi mkubwa. Juni na Julai, sadini wakipita kwa makundi karibu na ufukwe, watu huvamia maji na ndoo na vikapu, wengine na nguo zao za kazini, na hapo hapo samaki wanauzwa. Ukichoka, kuna nanasi lililopakwa pilipili na masala, la kula huku macho yanatoka machozi.

Hayo yameandikwa vya kutosha, na kampuni za utalii zitaendelea kuyaandika. Rai yangu ni kwamba siku moja ya safari yako uwaachie wengine pwani, uende Chatsworth. Ukishafika Chatsworth, uliza mtaa wa Bayview. Fika saa tisa alasiri, watoto wanapotoka shule. Sijaona saa nyingine wala sehemu nyingine ya Durban inayomwonyesha Mswahili mji huo vizuri kuliko hapo.

Chatsworth iko kilomita 20 hivi kusini magharibi ya mjini. Unakwenda eneo la Warwick, karibu na soko la Victoria Street, ambako mabasi na teksi za abiria hujaa, na ambako utapishana na wauza dawa za mitishamba, wachoma mahindi na wanawake waliobeba mizigo vichwani kama Kariakoo asubuhi. Teksi wanayoisema huko ni daladala, ile ya watu 15 au 16. Mabasi ya Chatsworth ni habari nyingine: yamekuwa maarufu kwa miaka mingi kwa rangi zake na muziki wake, na mtu wa Nairobi akiyaona atadhani matatu zimepata ndugu. Nauli inapitishwa mkono kwa mkono kutoka viti vya nyuma hadi mbele, na chenji inarudi kwa njia ile ile. Haipungui, au angalau mimi sijaona imepungua.

Chatsworth haikujiotea yenyewe. Wahindi wa kwanza wa mkataba walishuka Durban kwenye meli iitwayo Truro, Novemba 1860, kulima miwa ya Natal, na meli ziliendelea kuleta wengine hadi 1911. Vizazi vyao vilijenga maisha sehemu nyingi za Durban, wakalima bustani, wakajenga mahekalu na misikiti. Kisha ikaja sheria ya 1950 ya kugawa maeneo kwa rangi. Halmashauri ya jiji ikachukua vilima vilivyo kati ya mito ya Umhlatuzana na Umlaas, ikajenga maelfu ya nyumba za aina moja, na kuanzia miaka ya 1960 watu wakahamishiwa humo kwa malori. Kusini kuna Umlazi, mji wa Waafrika. Upande wa pili wakakaa Wazungu. Wahindi wakawekwa katikati. Wapangaji wa mji huo hawakupoteza muda kutafuta majina. Mitaa ilipewa namba za vitengo na barabara zikapewa namba pia, na Bayview ilikuwa Kitengo cha 2. Mtoto aliyezaliwa huko alijifunza anwani yake kama mwanajeshi anavyojifunza namba ya bunduki.

Nyumba ni pacha, zimegawana ukuta, nyingi zina ghorofa moja juu, ngazi ya saruji mbele na uwanja mdogo nyuma. Kila familia imeongeza lake: chumba cha kupanga, kibanda cha gari, geti la chuma lenye nakshi, hekalu dogo la Kihindu kwenye kona lenye bendera nyekundu. Mlimani kote unaona kamba za nguo, na miembe. Tumbili nao wapo, wengi na wasio na haya. Wanapita juu ya paa kwa mstari, mama zao wamebeba watoto tumboni, na dirisha la jiko likiachwa wazi mkate umekwenda.

Sasa, Bayview ina watu ambao kwa muda mrefu Durban nzima imewaita Wazanzibari.

Mwaka 1873 ndio Sultani Barghash alitia saini mkataba na Waingereza, mwezi wa Juni, na soko la watumwa la Mkunazini likafungwa. Lakini jahazi zilikuwa bado baharini. Manowari za Kiingereza zilizikamata, na watu waliokuwemo wakawa huru kwa karatasi. Huru waende wapi? Kwao bara vita na ukamataji vilikuwa havijakwisha. Natal ilikuwa inalia njaa ya vibarua. Basi Agosti mwaka huo huo manowari iitwayo Briton iliteremsha kundi la kwanza Durban, na hadi 1880 mamia ya wengine wakafuata. Waliandikwa kwenye vitabu vya msimamizi yule yule wa Wahindi wa mkataba, wakapewa waajiri kwa miaka 5. Wengi wao walikuwa Wamakua wa kaskazini ya Msumbiji, na wengi walikuwa Waislamu. Walipewa jina la kisiwa ambacho huenda baadhi yao walikiona kwa siku chache tu, na wengine hawakukiona kabisa. Jina likakaa.

Mikataba ilipokwisha walikusanyika Bluff, kile kilima kirefu kinachoikinga ghuba ya Durban upande wa kusini, mahali panapoitwa King's Rest. Mwishoni mwa karne ya 19 wadhamini wa Msikiti wa Juma wa Grey Street, msikiti wa wafanyabiashara wa Kihindi ulioanza 1881, waliwanunulia ardhi huko. Hapo ndipo wakajenga msikiti wao, chuo chao na makaburi yao. Wazee wa Bayview waliozaliwa King's Rest wakianza kuisimulia hawamalizi. Ilikuwa ni utoto wa mikoko na matope ya ghuba, wa kamba na kaa, wa mabustani ya mboga na kuku wanaotangatanga. Meli zilipita karibu kiasi cha kusoma majina yake. Upepo ukigeuka, ulileta harufu ya kiwanda cha nyangumi kilichokuwa upande wa bahari kuu ya Bluff, na kiwanda hicho kilifungwa 1975 tu. Kimakua kilikuwa lugha ya nyumbani, Kizulu cha majirani, Kiingereza cha kazini.

Sheria ya rangi ilipofika Bluff ilikuta watu ambao makarani hawakujua wawaweke fungu gani. Ngozi ya Kiafrika, majina ya Kiislamu, udhamini wa msikiti wa Wahindi. Wakiandikwa Waafrika, wangebeba pasi na kupelekwa kwenye miji ya Waafrika. Wao wakasema hawako huko, kwao ni Zanzibar, ng'ambo. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 serikali ikawaandika kuwa ni "Waasia wengine". Soma tena, msomaji: Wamakua wa Nampula na Angoche, kwa muhuri wa serikali ya makaburu, wakawa Waasia. Kwa uandikishaji huo wakahamishiwa Bayview, na watoto wao wakaingia shule za Wahindi. Mtu anaweza kucheka, na wazee wenyewe hucheka. Lakini kicheko hicho kina hesabu ndani yake. Waliotumia jina walilobandikwa wakaokoa jamii yao isitawanywe walikuwa na akili kuliko waliotunga sheria. Msomi Zubeda Seedat alipoandika tasnifu yake juu yao mwaka 1973, karne moja kamili baada ya Briton, aliwakuta wako pamoja, na jando na unyago wao, na dhikri zao.

Jamii iliyonyang'anywa ghuba yake ilibaki na nini cha kuwapa watoto? Hapo ndipo saa tisa alasiri inapoingia.

Kwanza zinashuka sare. Suruali za kijivu, mashati meupe yaliyochomolewa kiunoni, masweta yaliyofungwa kwenye mikono ya mabegi. Watoto wanashuka kilima kwa vikundi, na vikundi hivyo havijali sana vitabu vya serikali ya zamani: Mtamil, Mzanzibari, Mzulu aliyehamia baada ya 1994, mtoto wa Mkongo ambaye baba yake analinda magari mjini. Wote wanazungumza Kiingereza kile cha Durban kinachopanda na kushuka kama barabara zao. Kila mtu mzima wanayepishana naye ni anti au ankoli, awe mwenye duka, fundi gari au mgeni kama mimi. Mtoto asiyesema ankoli atasikia habari yake nyumbani kabla hajafika.

Kituo cha kwanza ni duka la kona. Mwenye sarafu chache ananunua achari ya embe bichi kwenye mfuko mdogo wa plastiki. Wenye sarafu nyingi kidogo wanachanga na kununua robo ya bunny ya maharage. Bunny chow ndicho chakula ambacho Durban haikubali mji mwingine ushindane nao: mkate wa boflo unakatwa robo, nusu au mzima, unachimbwa ndani, unajazwa mchuzi, na ile nyama ya mkate iliyochimbuliwa inarudishwa juu kama kifuniko. Ilikuwa chakula cha vibarua, na husimuliwa kwamba ilikuwa pia njia ya kumuuzia mtu mweusi ambaye sheria haikumruhusu kuketi hotelini. Kuila kuna adabu zake na watoto wa Bayview wanazijua kuliko sisi. Unaanza na kifuniko, unachovya. Kisha unamega kingo kuanzia juu, pole pole, ukishuka sawasawa na mchuzi, kwa vidole, bila kijiko. Ukimega pembeni kwa pupa, ukuta unapasuka na maharage yako yanamwagika kwenye viatu vya shule. Niliwaangalia watoto wanne wakila robo moja juu ya ngazi ya saruji, kila mmoja upande wake, na mchuzi haukumwagika hata tone. Mimi nilikuwa na robo yangu peke yangu na shati langu lilijua hivyo.

Baada ya hapo ni kriketi. Sanduku la plastiki la nyanya linawekwa katikati ya barabara, ndilo wiketi. Mpira ni wa tenisi, uliopukutika manyoya. Barabara ni mteremko, kwa hiyo anayerusha kutoka juu ana faida, na zamu ya kurusha kutoka juu inagombewa kuliko zamu ya kupiga. Mpira ukiruka ukuta wa nyumba fulani yenye mbwa, mpigaji ametoka, na yeye ndiye anayekwenda kuufuata. Gari likipita, sanduku linaondolewa, gari linapungiwa mkono, sanduku linarudi, na ubishi juu ya mahali hasa lilipokuwa unaanza. Wengine hapo pembeni wanacheza gololi za kioo, wakilenga kwa kidole cha kati vile vile kama tulivyolenga Ng'ambo ya Unguja. Mpira wa miguu nao una wapenzi wake, na sababu wanayo: timu iliyotwaa ubingwa wa msimu wa kwanza kabisa wa ligi kuu ya Afrika Kusini ya sasa, 1996/97, ilikuwa Manning Rangers, watu wa hapa, uwanja wao wa nyumbani Chatsworth. Timu hiyo haipo tena ligi kuu. Mtajie jina lake mwanamume wa miaka 40 mtaani hapo, utakosa basi la kurudia mjini.

Mvulana mmoja, zamu yake ya kupiga ilikuwa imekwisha, alikuja kuniuliza nimetoka wapi. Nikamwambia Zanzibar. Akanitazama juu mpaka chini.

"Mimi pia Mzanzibari," akasema. "Kwenu kuna tumbili?"

Nikamwambia tuna kima punju huko Jozani, ana nywele nyekundu mgongoni.

"Anaiba mkate?"

Nikasema anakula majani. Akaona sina la maana, akarudi barabarani.

Ikikaribia saa kumi mchezo unaanza kupungua wachezaji, kwa sababu ya chuo. Wanaoingia nyumbani na sweta wanatoka na kanzu na kofia, wasichana na baibui ndogo au mtandio, juzuu chini ya kwapa. Sauti ya watoto wakisoma kwa pamoja, inayotoka madirishani na kuchanganyika na kengele ya hekalu la jirani na ngoma za kanisa la kilokole la mtaa wa pili, ndiyo sauti ambayo ningependa mtu wa Lamu, Bagamoyo au Malindi aisikie. Alifu, be, te. Kimakua kimebaki zaidi kwa wazee, ingawa wahamiaji wapya kutoka Msumbiji wamekirudishia uhai kidogo. Kilichoshika zaidi ni maulidi na dhikri, na watoto ndio waitikiaji. Wapo wanaowaambia kwamba hayo ni bidaa na yaachwe. Ubishi huo tunaujua, nao wanaujua, na mfungo sita Barzanji inasomwa.

Jioni ni saa ya sahani. Majirani wa Bayview wametenganishwa na ukuta mmoja, na juu ya uzio wa nyuma sahani zinapita. Idi ikifika, biriani inakwenda kwa Mhindu wa pili. Diwali ikifika, anarudisha sinia la vitamtam, na usiku fataki zinawafanya mbwa wa mtaa mzima wajifiche chini ya vitanda. Sahani hairudi tupu. Mtoto ndiye mjumbe, na mjumbe huonja njiani.

Nisikufiche, maisha hapa si sinia la halua. Akina mama wengi wa Chatsworth walikuwa mafundi wa viwanda vya nguo na viatu, wakitoka nyumbani kabla ya jua, na watoto wakilelewa na mabibi. Nguo rahisi za kutoka nje zilipofurika miaka ya 1990, viwanda vikafungwa na mishahara ikaenda navyo. Mwishoni mwa muongo huo, halmashauri ilipoanza kuwatoa wapangaji waliodaiwa kodi katika nyumba za ghorofa za Bayview na Westcliff, majirani walisimama milangoni kuzuia, Wahindi na Waafrika bega kwa bega, na watoto wakaonja gesi ya machozi. Ashwin Desai ameyaandika hayo katika kitabu chake We Are the Poors cha 2002. Machi 2000, watoto 13 walikufa kwenye disko la Throb lililokuwa hapo Chatsworth, gesi ilipofyatuliwa ndani ya ukumbi na wakakanyagana mlangoni. Kituo cha vijana kilichojengwa baadaye kwa msaada wa Nelson Mandela kilitokana na msiba huo. Kisha ikaja dawa waiitayo sugars, mchanganyiko wa heroini, na mtu wa Mombasa au Zanzibar hahitaji kuelezwa unga unafanya nini kwenye mtaa wa vijana wasio na kazi. Na Aprili 2015 wageni wa Kiafrika waliofukuzwa majumbani mwao Durban walilala kwenye mahema hapo hapo Chatsworth, wakiwemo waliokuwa wakiombana maji kwa Kiswahili.

Nayataja kwa sababu sifa ninayoipa Bayview haitokani na kukosa matatizo. Watoto wa King's Rest walikuwa na ghuba nzima ya kuchezea. Wajukuu zao wana barabara ya mteremko na sanduku la nyanya. Jamii iliyokaa miaka zaidi ya 150 mbali na kwao, ikabadilishiwa jina, kazi, mtaa na hata rangi kwenye karatasi, imeshikiliwa na mambo madogo yanayofanyika kati ya saa tisa na magharibi: chuo, mchezo, sahani, na mtu mzima wa kuitwa ankoli. Hakuna mnara hapo wa kupigia picha. Jengo linalovuta watalii Chatsworth ni hekalu la Hare Krishna lililofunguliwa 1985, lenye dhahabu na vioo vyake, na ni zuri kweli. Lakini utalitazama kwa nusu saa na kumaliza.

Kwa hiyo ukienda Durban, panga hivi. Chagua Ijumaa au Jumamosi, upitie soko la Bangladesh lililoko Westcliff, ununue bamia, majani ya kari na, kama ni Desemba, shokishoki zao zisizo na manyoya ziitwazo litchi. Kisha ingia Bayview. Ukitaka kuona sare za shule, basi iwe Ijumaa. Uende na mwenyeji au umwombe mtu wa msikitini akupokee. Usiwapige watoto picha bila ruhusa ya wakubwa zao. Sema unatoka Zanzibar, Mombasa, Dar au Bujumbura, na ujiandae kuulizwa maswali, maana wazee wana maswali mengi juu ya pwani yetu, na wachache sana kati yetu wamewahi kufika kuyajibu.